Nimeenguliwa zabuni ya madarasa, niende Mahakama Kuu hapa Tanga?

Swali: "Shikamoo mama. Mimi ni mkandarasi wa majengo, daraja la sita, ofisi yangu iko Ngamiani, Tanga mjini. Niliomba zabuni ya halmashauri moja hapa mkoani: madarasa manne na matundu kumi ya vyoo. Ijumaa iliyopita jioni taarifa ya kusudio la kutoa tuzo, yaani nani wanataka kumpa kazi, iliingia NeST, ule mfumo wa ununuzi wa umma mtandaoni, ila mimi nilikuwa saiti Pangani, na kijana wangu wa ofisini ameiona leo Jumatano. Wameandika 'mzabuni hana uzoefu wa kazi zinazofanana', basi. Aliyepewa bei yake imenizidi milioni kumi na moja. Mimi nimejenga wodi ya zahanati mwaka 2021 na nyumba mbili za walimu. Binamu yangu wa Mombasa ananiambia Kenya watu hukimbilia mahakamani na wanashinda. Wakili mmoja yuko tayari kunifungulia kesi Mahakama Kuu wiki ijayo, aombe zuio. Nifanye hivyo? Naomba unijibu mapema."

Marahaba mwanangu. Weka kesi ya wiki ijayo kando kwanza, tuhesabu siku pamoja.

Kwa Sheria ya Ununuzi wa Umma ya mwaka 2023, iliyoanza kutumika Juni 2024, mzabuni asiyeridhika ana siku tano za kazi kupeleka malalamiko kwa afisa masuuli wa taasisi nunuzi. Kwa halmashauri, afisa masuuli ni Mkurugenzi Mtendaji. Sheria ya 2011, ilivyorekebishwa mwaka 2016, ilikuwa inatoa siku saba, na makandarasi wengi bado wanatembea na ile saba kichwani. Siku huhesabiwa tangu ulipojua au ulipopaswa kujua, na hayo maneno ya mwisho ndiyo yanayokubana. Taarifa ikishaingia kwenye akaunti yako ya NeST, usitegemee kumshawishi mtu yeyote kwamba ulikuwa saiti Pangani. Ijumaa yenyewe tuiache. Jumatatu ya kwanza, Jumanne ya pili, leo Jumatano ya tatu nayo imekwisha. Umebaki na Alhamisi na Ijumaa. Jumamosi na Jumapili hazihesabiwi, wala sikukuu, lakini wiki hii hakuna sikukuu ya kukuokoa.

Wenyewe hapa Tanga tunasema waja leo waondoka leo. Siku hizi tano ndivyo zilivyo. Wakili wako akisubiri wiki ijayo, atafungua kesi ya mtu ambaye haki yake ya kwanza imeshakufa, na upande wa Serikali utakuwa wa kwanza kuliona hilo.

Kwa hiyo jibu langu fupi ni hapana, usiende mahakamani wiki ijayo. Kesho uende kwa Mkurugenzi, kwa maandishi, kupitia mfumo. Sasa nikueleze kwa nini, maana ukielewa sababu utaandika malalamiko yenye nguvu, na ikija kufika siku ya kwenda Mahakama Kuu kweli, utakuwa na karatasi za kuingia nazo.

Mahakama zetu zina msimamo wa siku nyingi: pale Bunge lilipoweka chombo maalumu cha kumaliza mgogoro wa aina fulani, unaanzia huko, na mahakama inakuja mwisho. Katika zabuni, ngazi ni tatu. Unaanza na afisa masuuli. Usiporidhika unapanda Mamlaka ya Rufani za Zabuni za Umma, ambayo wote tunaiita PPAA. Baada ya hapo ndipo Mahakama Kuu, kwa njia ya mapitio. Ukiruka ngazi, wakili wa Serikali anasimama siku ya kwanza na pingamizi la awali: shauri limeletwa kabla ya wakati wake, mlalamikaji hakumaliza njia alizopewa na sheria. Hapo hakuna atakayefungua ukurasa wenye picha za wodi yako.

Nimeliona hili kwa macho yangu. Miaka ya sheria ya zamani nilimsindikiza mkandarasi mmoja wa Bagamoyo ambaye alikuwa na hoja nzuri kuliko yako. Alienguliwa kwa kigezo ambacho hakikuwemo kabisa kwenye nyaraka za zabuni. Kwa hasira alikwenda mahakamani moja kwa moja, akalipa wakili, akaapa kiapo cha kurasa kumi na nne, na viambatanisho vimefungwa kwa uzi mwekundu. Pingamizi lilisikilizwa asubuhi moja. Shauri likaondolewa, tena na gharama juu yake. Tuliporudi Bagamoyo jioni tulipita pale saiti: tofali zilikuwa zimeshashushwa, fundi anavuta kamba ya msingi. Alishuka garini akasimama pale muda mrefu, hakusema neno. Hoja yake haikuwahi kusikilizwa na mtu yeyote, na ndiyo sababu nakuandikia usiku huu badala ya kesho.

Hilo zuio analolizungumzia wakili wako nalo liangalie vizuri. Kuishtaki Serikali kwa kesi ya kawaida kunahitaji notisi ya siku 90, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2020, utaratibu huo unazihusu na halmashauri. Tena Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali inaibana sana mahakama kutoa amri ya zuio dhidi ya Serikali. Zipo njia za kuomba amri ya muda wakati notisi inakimbia, na mawakili huzijaribu, lakini ni njia nyembamba na ya gharama. Siku 90 za notisi zikiisha, madarasa manne yatakuwa yamefika kwenye lenta. Malalamiko yaliyowasilishwa kwa wakati, kwa upande mwingine, yenyewe ndiyo yanayosimamisha mchakato: afisa masuuli hatakiwi kusaini mkataba huku malalamiko yako yako mezani. Zuio unalolitafuta kwa mamilioni liko ndani ya barua ya kurasa mbili, ilmradi iingie kabla ya Ijumaa kwisha.

Na huyo binamu wa Mombasa, mwambie nampa salamu, lakini amekusimulia nusu. Kenya nako hawaanzii mahakamani. Mzabuni anakwenda kwanza kwenye Bodi ya Mapitio ndani ya siku 14, bodi inaamua ndani ya siku 21, ndipo asiyeridhika anaingia Mahakama Kuu ndani ya siku 14, nayo inapewa siku 45 kuamua. Unazozisikia kwenye habari ni zile za mwisho kwa sababu ndizo zenye kelele. Mlango wao wa kwanza nao si wa jaji.

Sasa tuje kwenye kosa lenyewe walilokuandikia. Hapa ndipo penye nyama.

"Mzabuni hana uzoefu wa kazi zinazofanana." Nimekaa upande wa pili wa hiyo meza kwa miaka mingi, katika kitengo cha usimamizi wa ununuzi, na nimekuwa katibu wa kamati za tathmini zaidi ya ninazoweza kuzihesabu. Najua sentensi hiyo inavyozaliwa. Kamati ina watu watatu au watano, kila mmoja na kazi zake za kawaida zinamsubiri, na wazabuni labda kumi na wawili. Mbele yao kuna orodha ya vigezo, na kila kigezo kinajazwa amekidhi au hajakidhi. Mtu anafungua faili uliloambatisha kwenye uzoefu, anaona "wodi ya zahanati", anakumbuka zabuni ni ya madarasa, anajaza hajakidhi. Anahamia kwa mwingine. Hakuna aliyekula rushwa hapo, huenda hakuna hata aliyekuchukia. Ila sheria imevunjwa, kwa sababu tathmini inatakiwa ifuate vigezo vilivyoandikwa kwenye nyaraka za zabuni na si kitu kingine.

Kwa hiyo kazi yako ya kwanza kesho asubuhi, kabla hata ya chai, ni kufungua nyaraka za zabuni, sehemu ya vigezo vya tathmini na sifa, usome neno kwa neno walivyoeleza "kazi zinazofanana". Kuna uwezekano wa namna tatu, na kila mmoja unakupeleka njia yake.

Kama wameandika kazi za majengo zenye aina, ukubwa na ugumu unaofanana, basi wewe una hoja nzito. Wodi ya zahanati ina msingi wa mawe au zege, kuta za tofali, lenta, kenchi, bati, dari, sakafu, madirisha, rangi, mifumo ya umeme na maji safi na maji taka. Darasa lina vyote hivyo, isipokuwa maji taka. Mtu aliyejenga wodi akashindwa kujenga darasa hajazaliwa. Na nyumba za walimu zina vyoo ndani. Chukua BOQ, ile orodha ya kazi na vipimo vyake, ya wodi na BOQ ya zabuni hii, ziweke ubavuni, uonyeshe kipengele kwa kipengele. Usiandike "nina uzoefu mkubwa". Andika kwamba kuta za tofali za inchi sita zilikuwa mita za mraba kadhaa, paa mita za mraba kadhaa, thamani ya mkataba kiasi fulani, cheti cha kukamilika kimetolewa tarehe fulani. Kamati ikiwa imesoma "majengo" ikaelewa "madarasa", imeingiza kigezo kipya baada ya zabuni kufunguliwa. Useme hivyo hivyo, bila matusi.

Kama wameandika waziwazi kwamba mzabuni awe amejenga angalau majengo mawili ya madarasa ndani ya miaka mitano, basi mwanangu, nitakuambia ukweli ingawa hautakufurahisha. Kigezo hicho kilikuwa mbele yako tangu siku ulipofungua tangazo. Kama ulikiona ni cha kuwabagua watu, ulipaswa kukilalamikia wakati ule ule, au uombe ufafanuzi kabla ya tarehe ya mwisho ya kuwasilisha zabuni, maana siku tano huhesabiwa kwa kila tukio unalolilalamikia. Ukikaa kimya, ukajaza, ukawasilisha, umekubali kupimwa kwa kipimo hicho. Nimeona rufaa nyingi zikifa hapa. Mkandarasi anasubiri ashindwe ndipo agundue kwamba masharti yalikuwa mabaya.

Na uwezekano wa tatu, ambao lazima ujiulize peke yako bila mtu mwingine chumbani: je, ulipakia ushahidi? Mkataba wa wodi, cheti cha kukamilika, nyumba za walimu? Au ulijaza jina la mradi kwenye kisanduku tu ukaamini watajua? Mfumo una kumbukumbu ya kila faili na saa lilipoingia. Kama hukupakia, usiseme ulipakia, na usiambatanishe leo kitu ambacho hakikuwemo ukidai kilikuwemo. Zabuni isiyokidhi haiwezi kufanywa ikidhi kwa kuongezewa nyaraka baadaye. Na nyaraka ya kughushi itakutoa kwenye kuenguliwa ikupeleke kwenye kufungiwa. Hayo mambo mawili watu wanayachanganya sana. Kuenguliwa ni zabuni moja. Kufungiwa ni kazi ya Mamlaka ya Udhibiti wa Ununuzi wa Umma, PPRA, na ukifungiwa huruhusiwi kushiriki zabuni yoyote ya umma nchini kwa kipindi chote ulichopewa. Kwa mkandarasi wa daraja la sita hiyo ni sawa na kufunga duka.

Nikupe mfano mmoja wa jinsi ushahidi unavyofanya kazi. Enzi za bahasha, kabla ya mifumo hii, kamati niliyokuwa katibu wake ilimwengua mkandarasi kwa kukosa cheti cha kukamilika kwa mradi. Siku ya mwisho ya malalamiko akaja mzee wa watu, kanzu imelowa jasho, na barua ya aya tatu. Aya ya pili ilisema: cheti kiko ukurasa wa 87 wa zabuni yangu halisi, nyuma ya cheti cha mlipakodi. Nikafungua kabati, nikatoa nakala halisi, nikahesabu. Ukurasa wa 87. Karatasi mbili zilikuwa zimegandana kwa gundi ya bahasha. Mwenyekiti wa kamati aliangalia ile karatasi, akavua miwani, akasema, "Tathmini irudiwe." Yule mzee hakutaja kifungu hata kimoja cha sheria. Alitaja ukurasa. Nimewafundisha hilo wote waliopita kwangu, na wewe nakuagiza hivyo hivyo: kila unachosema, sema kiko faili gani, ukurasa gani.

Kuhusu bei, usiifanye kuwa hoja yako ya kwanza. Milioni kumi na moja zinauma, na ni fedha za wananchi, lakini sheria haimpi kazi mwenye bei ya chini kuliko wote kwa sababu ni ya chini. Inampa yule aliyekidhi kisha akawa na bei ya chini baada ya tathmini. Ukiwa umeenguliwa kwenye hatua za sifa, bei yako haikufika hata kulinganishwa. Iweke mwishoni, sentensi moja, kuonyesha hasara ya umma itakayotokana na kosa lao. Ukianza nayo, unaonekana mtu aliyeshindwa anayelia bei.

Kuna kitu kingine kwenye taarifa yao ambacho wewe umekipita haraka. Umesema waliandika hiyo sentensi, "basi". Taarifa ya kusudio la kutoa tuzo inatakiwa imwambie kila aliyeshindwa sababu ya kushindwa kwake, pamoja na jina la aliyepewa na bei yake. Sababu lazima imwezeshe mtu kujitetea. "Hana uzoefu wa kazi zinazofanana" haikuambii ni kigezo namba ngapi, ni mradi gani waliukataa, wala kwa nini. Liweke hilo kama hoja ya pili: kwamba sababu haitoshi, na kwamba unaomba upewe ufafanuzi wa tathmini yako. Haki ya kusikilizwa iko kwenye Katiba yetu, ibara ya 13(6)(a), na huwezi kusikilizwa juu ya kosa usiloelezwa.

Barua yenyewe iwe fupi. Jina la kampuni, namba ya zabuni, tarehe uliyopokea taarifa, nini kilichokosewa, kigezo gani cha nyaraka kimevunjwa, ushahidi uko wapi, na unaomba nini. Hapo kwenye ombi usiandike "naomba haki itendeke". Andika kwamba unaomba uamuzi wa kukuengua utenguliwe, tathmini yako irudiwe kwa vigezo vilivyomo kwenye nyaraka, na mkataba usisainiwe hadi hapo. Mwenye kusaini awe ni yule mwenye idhini ya kampuni. Iwasilishwe kupitia sehemu ya malalamiko ndani ya NeST, si kwa kupigia simu afisa ununuzi mnayefahamiana, wala si kwa ujumbe wa WhatsApp kwa diwani. Diwani hana nafasi yoyote kwenye zabuni hii, na ukimwingiza utaharibu barua nzuri.

Na usiwe na haya na Mkurugenzi. Watu wa kwetu tumelelewa kuona kumlalamikia mkubwa ni utovu wa adabu, nami nawajua makandarasi wa Tanga walioacha haki zao zikapita kwa kuogopa kwamba watachukiwa na hawatapata kazi tena. Zipo halmashauri zenye kinyongo, sitakuficha. Lakini malalamiko yenye adabu na ushahidi yanamsaidia hata Mkurugenzi mwenyewe, maana kosa likija kuonekana kwa mkaguzi baadaye, jina linaloandikwa ni lake.

Akishapokea, naye ana siku tano za kazi kukujibu kwa maandishi na sababu. Akikubali, mambo yameisha vizuri. Akikataa, au akikaa kimya hadi siku zake zikaisha, unazo siku tano za kazi nyingine kukata rufaa PPAA. Ukimya wake usikulaze usingizi. Akijibu, siku zinaanza kuhesabika unapopokea jibu; akinyamaza, zinaanza zake zinapokwisha. Andika tarehe hizo ukutani, kwa kalamu ya wino mzito. PPAA ina ada yake, na rufaa isiyolipiwa ada si rufaa, kwa hiyo namba ya malipo uiombe mapema, usisubiri saa za mwisho mtandao umelala. Mamlaka ina siku 40 za kutoa uamuzi. Zamani zilikuwa 45. Huko ndiko hoja yako ya wodi na darasa itakaposomwa na watu wanaojua zabuni ni kitu gani: watafungua nyaraka, watafungua taarifa ya tathmini, watalinganisha. Wana uwezo wa kutengua uamuzi, kuagiza tathmini irudiwe, na kuagiza ulipwe gharama za msingi ulizoingia. Mkataba ukishaanza kutumika, nguvu yao ya kukurudisha mchezoni inapungua mno, na kinachobaki zaidi ni fidia ya gharama. Ndiyo maana nakusukuma.

Mahakama Kuu sasa. Uamuzi wa PPAA ukitoka na hukuridhika, una siku 14 za kuomba mapitio. Halmashauri nayo ina haki hiyo hiyo, kwa hiyo hata ukishinda PPAA jiandae kwamba unaweza kuitwa mahakamani ukiwa umekaa nyumbani. Na hapa nakuomba unielewe vizuri, kwa sababu ndipo makandarasi wengi wanapovunjika moyo: jaji hatakupa zabuni. Jaji hapimi kama wodi ni sawa na darasa. Anaangalia njia waliyopita waliofanya uamuzi.

Katika kesi moja ya mwaka 1990 inayonukuliwa hadi leo, Mahakama ya Rufani ilieleza sababu za kutengua uamuzi wa chombo cha umma: kimezingatia mambo yasiyohusika, kimeacha mambo yaliyohusika, kimekosa mamlaka au kimeyavuka, kimefikia hitimisho ambalo mtu yeyote mwenye akili timamu asingelifikia, kimevunja misingi ya haki ya asili, au kimekwenda kinyume cha sheria katika utaratibu au katika uamuzi wenyewe. Pima shauri lako kwa hayo. Ukimwambia jaji "mimi najua kujenga", umepotea. Ukimwambia "Mamlaka iliutegemea ukurasa wa taarifa ya tathmini ambao sikuwahi kuonyeshwa wala kuulizwa", ataweka kalamu chini akusikilize. Ukimwonyesha kwamba kigezo kilichotumika hakimo kwenye nyaraka, na kwamba ulilisema hilo tangu siku ya nne kwa Mkurugenzi na tena PPAA, na kote halikujibiwa, hapo una kesi. Umeona sasa kwa nini barua ya kesho ni ya thamani? Jambo ambalo hukulisema chini, ni taabu sana kulianzisha juu.

Utaratibu wa mapitio, kwa kanuni za mwaka 2014, una hatua mbili. Kwanza unaomba ruhusa, kwa maelezo na kiapo: uonyeshe kuna hoja inayostahili kusikilizwa, kwamba jambo linakugusa wewe mwenyewe, na kwamba hukuchelewa. Ukipewa ruhusa, unaleta maombi yenyewe ya amri: ya kutengua, ya kushurutisha kitu kifanyike kwa mujibu wa sheria, au ya kuzuia. Mahakama inapotoa ruhusa inaweza pia kuelekeza mambo yasimame hadi shauri liishe. Mwanasheria Mkuu wa Serikali ataitwa. Na mwisho wake, ukishinda, mara nyingi jambo linarudishwa kule lilikotoka liamuliwe upya kwa haki. Si mkataba mkononi. Kwa kazi ya madarasa manne, ukiweka pembeni gharama za wakili, kiapo, nakala na safari, keti na karatasi uandike ungepata faida kiasi gani kwenye kazi yenyewe. Kuna mashauri yanayostahili kupelekwa hadi huko kwa sababu ya jina la kampuni au kwa sababu kosa lisipokemewa litarudiwa kila mwaka. Hilo utaliamua wewe wakati huo, ukiwa umetulia, na huyo wakili atakufaa hapo. Usimfukuze. Mwambie tu kwamba kwa sasa unamhitaji akusomee barua ya kurasa mbili.

Nakuhimiza pia kwa sababu nyingine. Siku hizi madarasa mengi ya halmashauri yanajengwa kwa force akaunti, mafundi wa kijijini na kamati za shule. Zabuni ya wazi ya madarasa kwa mkandarasi mdogo ni kitu adimu, na nyinyi wa daraja la sita mkienguliwa kwa sentensi moja isiyo na maelezo mkanyamaza, kesho hamtakuwa na huo uzoefu wa madarasa wanaoudai, na keshokutwa watawaengua kwa kukosa huo huo. Ni duara linalowakaba vijana niliowaona wakianza na toroli moja na koleo mbili pale Mabawa.

Basi kesho, saa mbili asubuhi, fungua vigezo. Saa nne uwe umeshajua uko kwenye uwezekano upi kati ya ile mitatu. Kama ni ule wa pili au wa tatu, niandikie kabla hujapakia chochote. Kama ni wa kwanza, andika, msomee mtu mmoja anayejua Kiswahili cha barua, kisha uwasilishe kabla ya adhuhuri ya Alhamisi. Ijumaa iache iwe akiba ya umeme kukatika. Ukishabonyeza kuwasilisha, piga picha ya ukurasa unaoonyesha tarehe, saa na namba ya malalamiko, uichapishe, uiweke kwenye jalada la kwanza. Usimwachie kijana wa ofisini.